Kwa ripota mpya: bao lina mwenyewe

Wengi mnaoingia kwenye uandishi wa michezo mnakuja na maneno matamu ya kupamba mechi. Hilo ni jema, ila mhariri atakachokudai kwanza ni kikavu: nani kafunga, dakika ya ngapi? Mapambo yatasubiri. Ripota mgeni akikaa mezani kwangu huwa namsimulia habari za Bert Patenaude, maana sijui straika aliyepunjwa na kalamu kama yeye.

Alizaliwa mwaka 1909 Fall River, Massachusetts, mji wa viwanda vya pamba uliojaa wahamiaji na wapenda mpira. Akachezea Fall River Marksmen, moja ya timu tishio Marekani enzi hizo. Julai 1930, akiwa na miaka 20, alikuwa Montevideo, Uruguay, na timu ya taifa kwenye Kombe la Dunia la kwanza kabisa. Tarehe 13 wakaifunga Ubelgiji 3-0, naye akapata moja. Tarehe 17 wakakutana na Paraguay uwanja wa Parque Central. Dakika ya 10, bao. Dakika ya 15, la pili. Dakika ya 50, la tatu. Yote ya Patenaude.

Sasa tazama karatasi zilivyomfanyia. Lile la dakika ya 15, orodha nyingine zilimpa nahodha wake, Tom Florie; nyingine zikasema Paraguay wamejifunga. Jezi za siku zile hazikuwa na namba, wala hapakuwa na marudio ya kutazama. Basi kwenye kumbukumbu za FIFA akabaki na mawili, na sifa ya hat-trick (mabao matatu ya mchezaji mmoja katika mechi moja) ya kwanza ya Kombe la Dunia ikaenda kwa Guillermo Stábile wa Argentina, aliyewapiga Mexico matatu siku mbili baadaye. FIFA ilikuja kurekebisha Novemba 2006, baada ya watafiti kuwasilisha ushahidi. Miaka 76 kwa bao moja! Mwenyewe alishafariki tangu 1974.

Kwa hiyo bao likiingia, usikimbilie kutazama shangwe. Shangwe hudanganya, mara nyingi anayekumbatiwa ni aliyepiga krosi. Ikiwa ni purukushani baada ya kona, andika ulichokiona tu: namba ya aliyegusa mwisho, kichwa au mguu, mguu upi. Hukuona? Weka alama ya kuuliza kwenye daftari, na mechi ikiisha mfuate kamisaa wa mechi au mwamuzi wa akiba mlinganishe. Usinakili kwa jirani yako jukwaani. Nimeshuhudia meza nzima ikiandika jina moja, na chanzo chao wote ni bwana mmoja aliyekuwa akilipia karanga wakati nyavu zinatikisika.

Jihadharini pia na hadithi tamu zinazorithiwa. Timu hiyohiyo ya 1930 ilifika nusu fainali, ikachapwa 6-1 na Argentina, na kwa miaka mingi imeandikwa kwamba Marekani walijaza wachezaji wa kulipwa kutoka Uingereza. Waliozaliwa Uingereza walikuwa sita, wengi wao walihamia Marekani wakiwa bado wadogo, na aliyekuwa amecheza ligi ya Uingereza kabla ya kombe hilo ni George Moorhouse peke yake, tena mechi mbili tu akiwa na Tranmere Rovers. Ukikuta sentensi inayoenea bila jina la mtu ndani yake, itilie shaka.

Jambo la mwisho linawasumbua sana wanaoanza takwimu: klabu kubadili jina. Kwenye fainali ya kombe la taifa la Marekani mwaka 1931 Patenaude alifunga mabao matano katika ushindi wa 6-2 dhidi ya Bricklayers ya Chicago. Je, alikuwa timu gani? Mmiliki wa Marksmen alishaihamishia New York na kuiita Yankees, lakini kombe walilianza wakiwa Fall River, na kwa jina hilo likaandikwa. Nawe ukikutana na hali hiyo, kwenye jedwali weka jina timu ililoingia nalo mashindanoni, halafu jina jipya na mwezi wa kubadilika uvieleze kwenye safu ya maelezo. Usifute la zamani.