Besi Haina Rangi: kwa Wadogo Zangu Mnaojifunza kwa Gemu

Jumamosi iliyopita kwenye mazoezi ya kwaya, hapa Kampala, kiongozi alisema, "Tunaanza G." Kijana aliyeshika besi akaninong'oneza, "Kaka, G ni rangi gani?" Ana miezi mitano ya Rocksmith nyumbani, gemu ya kujifunzia gita na besi inayoonyesha kila waya kwa rangi yake, na nyimbo zake nyingi zimevuka asilimia 90. Ni wa tatu mwaka huu kuniuliza hivyo. Nawapenda sana, lakini kurudia kumenichosha, basi naandika.

1. Waya nyekundu ni E, njano ni A, buluu ni D, chungwa ni G. Nyekundu freti ya tatu ni G vilevile. Itaje noti kwa mdomo kila unapoibonyeza.

2. Usiache gemu ikupunguzie noti kila ukikosea. Ingia Riff Repeater, sehemu ya gemu ya kurudia kipande, rudisha noti zote, shusha kasi hadi asilimia 60.

3. Sauti isipite kwenye televisheni. Hapa naomba mtulie mnisikilize.

Mimi nilijifunza kwa toleo la 2014, sebuleni kwa shangazi. Kebo ya Real Tone, ile ya kuunganisha gita na gemu, iliingia kwenye kompyuta, kisha picha na sauti vikaenda pamoja kwa HDMI hadi kwenye televisheni yake kubwa. Nikigusa waya, mlio ulitoka umechelewa kidogo. Nikadhani ndivyo gita la umeme lilivyo. Mkono ukazoea kutangulia, ili mlio uangukie pale ninapoutaka, na gemu ikaendelea kunipa alama. Miezi minane nilijizoeza kosa hilo kila jioni, umeme ukiwapo.

Kisha binti wa shangazi huyo huyo akaolewa, nami nikaombwa nipige besi anapoingia. Amplifaya ya kweli haichelewi. Kila noti yangu ilitua mbele ya dramu. Mzee aliyekuwa kwenye dramu alijaribu kunivuta nyuma, akashindwa, akaanza kunifuata ili wimbo usipasuke. Wimbo wa kutembea ukawa wa kukimbia. Wasimamizi wakapoteana hatua, kwaya ikakosa pumzi, na bibi harusi akasimama katikati ya ukumbi asijue aweke mguu upi. Mzee akanyoosha mkono, akazima amplifaya yangu, hakusema neno. Dada yangu alimalizia njia yake bila besi, nami nimesimama nimeshika gita lisilo na sauti mbele ya ukoo mzima. Sijawahi kuitazama video ya siku ile.

Pigeni hesabu. Wimbo wa mapigo 120 kwa dakika, pigo moja ni milisekunde 500. Televisheni ikichelewesha milisekunde 100 tu, umekosea kwa sehemu ya tano ya pigo, na mpiga besi ndiye anayefuatwa na wote. Chomeka hedifoni au spika kwenye tundu la sauti la kompyuta. HDMI ibebe picha peke yake. Halafu fungua Rocksmith.ini, faili la mipangilio ya gemu, shusha LatencyBuffer, namba inayochelewesha sauti, kutoka 4 hatua kwa hatua mpaka sauti ianze kukwaruza, kisha panda hatua moja. Tena waya wa E ukiwa wazi una herzi 41 hivi, na spika ndogo za televisheni haziufikii. Mnapiga msichokisikia!

Yule mzee ndiye aliyeniponya. Miezi mitatu alinipigia dramu ya mguu pekee, nami waya mmoja, noti moja, hadi nilipoacha kumkimbia. Wimbo mzima hakuniruhusu kabla ya hapo.

4. Ukishaujua wimbo, ficha noti. Master Mode ipo kwa kazi hiyo.

5. Gemu imejaa roki ya Ulaya na Marekani; mapambio yetu hayamo, wala kadongo kamu, muziki wetu wa gita wa Uganda. Kila ukipiga saa moja ya gemu, izime, uweke Afrigo Band, bendi ya hapa Uganda, wanaopiga tangu 1975, uitafute besi yao kwa sikio. Siku ya kwanza utapata noti mbili. Nilipata mbili pia, na nilifurahi kuliko asilimia zote za sebuleni.

Jumamosi hii naja na spika ya waya na jeki ya ziada. Nimeomba tuitumie televisheni ya ukumbi, lakini sauti yake nitaifunga mwenyewe kabla hamjafika.