Ninaswali, mbona bado najiona mpweke?

SWALI: Assalaamu alaykum sheikh. Mimi ni kijana wa Tanga, nafanya kazi Dar es Salaam, nimepanga chumba Tabata. Alfajiri nawahi daladala, usiku narudi, nakula chipsi huku naangalia simu, nalala. Kesho yale yale. Swala sikosi, ila nyingi naswalia chumbani. Je, upweke huu ni udhaifu wa imani?

JIBU: Waalaykumu ssalaam warahmatullahi wabarakatuh. Hapana, ndugu yangu. Nabii Ya'qub (a.s.) alimlilia mwanawe Yusuf mpaka macho yakawa meupe kwa huzuni (Qur'ani, sura Yusuf: 84), na hakuna anayethubutu kumwita dhaifu wa imani. Majonzi yake alimshitakia Allah, kisha akawatuma wanawe wakamtafute Yusuf na nduguye (aya 87). Aliomba, na akatafuta.

Kwa hiyo anayekwambia uzidishe uradi (dhikri za kurudiarudia) tu, amekupa nusu ya dawa. Kweli nyoyo hutulia kwa kumkumbuka Allah (Ar-Ra'd: 28), lakini dini hii imepangwa watu waonane. Swala yako ya chumbani inasihi, sikatai. Ya jamaa, ya kuswali pamoja na wenzako, inaizidi kwa daraja 27, kama alivyopokea sahaba Ibn Umar kwa Mtume (s.a.w.).

Katika vitabu vya hadithi vya Bukhari na Muslim kuna habari ya mtu aliyekuwa akifagia msikiti wa Mtume (s.a.w.). Alipofariki, masahaba walimzika kimya kimya, wakaona si jambo la kumsumbua Mtume. Yeye akamkosa, akamuulizia. Alipoambiwa, akasema mbona hamkunijulisha, akataka aonyeshwe kaburi, akamswalia. Mfagiaji tu, lakini kukosekana kwake kulionekana. Wewe ukikosekana wiki nzima hapo Tabata, nani atauliza?

Basi chagua msikiti mmoja wa karibu, Isha na Alfajiri usikose. Usihamehame. Imamu akitoa salamu usikimbilie viatu kama wengi wetu mjini tunavyofanya. Kaa, msalimie mzee wa pembeni, ujue jina lake. Ukisikia kuna mgonjwa, nenda. Kukiwa na msiba, nenda hata kama humjui marehemu, ukabebe viti. Na nyumbani Tanga piga simu mwongee, si kutuma "Ijumaa Kareem" za kunakili.

Kuhusu siku kufanana: kazi ya halali ukiinuia kwa ajili ya Allah na wanaokutegemea, ni ibada hata ikiwa ile ile kila siku.

Lakini kama usingizi umekatika na chakula hakipiti kwa wiki kadhaa, nenda hospitali pia. Mtume (s.a.w.) ameamrisha tujitibu, na maradhi ya moyo mzito nayo yana matabibu wake.

Wallahu a'lam.