Mombasa hadi Lamu kwa basi: majibu ya maswali yenu

Kila likizo inapokaribia, maswali ya safari ya Mombasa hadi Lamu huja kwa wingi, na mengi yanafanana. Nimeokota yale ambayo majibu yake yatawafaa wengi. Mengine nimeyajibu kwa ufupi kwa sababu yalishajibiwa hapa.

*

Nimeona tangazo la ziara ya basi, siku mbili, kwenda na kurudi: Fort Jesus, Gede, Malindi na Lamu, kwa bei ndogo mno. Nilipe? (Msomaji, Nakuru)

Piga kwanza hesabu ya saa, ya pesa itafuata. Mombasa hadi Mokowe ni karibu kilomita 340. Basi la abiria linalokwenda bila kuzurura huchukua saa saba hivi, na foleni ya Mtwapa au ukaguzi wa polisi ukiwa mrefu, zaidi ya hapo. Ongeza boti, ongeza chakula, toa usiku wa kulala. Katika siku hizo mbili utabakiwa na nini? Dakika chache za magofu ya Gede, picha mbele ya nguzo ya Vasco da Gama pale Malindi, na Lamu utaingia jioni na kutoka alfajiri. Utakuwa umelipia kiti cha basi.

Halafu jiulize bei hiyo imepunguzwa wapi. Ziara nyingi za namna hii humlipa mwongozaji kidogo, naye hujazia kwa bakshishi ya maduka ya vinyago. Ndiyo maana dukani mtasimamishwa muda mrefu na penye magofu mtaambiwa harakisheni.

Fanya hivi. Panda basi la kawaida la abiria au matatu, vunja safari Malindi au Watamu, lala hapo. Asubuhi nenda Gede, mchana zunguka mji wa kale wa Malindi, kesho yake panda basi la Lamu. Huko lala angalau usiku mbili. Hesabu ya nauli na vyumba vya kawaida mara nyingi haiipiti bei ya tangazo kwa kiasi cha kukuumiza, na pesa yako inamfikia mama mwenye nyumba ya wageni na kijana anayelinda magofu. Miji hii imelindwa na watu wanaoishi ndani yake, kwa hiyo wao ndio wanaostahili pesa hiyo.

Nauli ni shilingi ngapi?

Piga simu ofisi ya basi. Nauli hupanda Idi, Krismasi na shule zikifungwa, na nambari nitakayoiandika leo itakupotosha mwezi ujao.

Basi linafika hadi Lamu mjini? (wasomaji watano tofauti)

Lamu ni kisiwa. Basi linaishia jeti ya Mokowe, bara, na hapo unavuka kwa boti. Nimeyaandika haya mara nyingi, na bado watu hufika Mokowe hawana hata senti ya boti mfukoni, wanaanza kugombana na manahodha. Nauli ya boti ni yako wewe, si ya kampuni ya basi. Kubaliana nayo kabla hujainua mguu, vaa jaketi la kuokolea, na usipopewa, subiri boti inayofuata. Kijana akikupokonya begi akidai ni bure, lichukue tena kwa adabu na ulibebe mwenyewe, au mpatane bei ya hamali pale pale.

Mwongozaji wetu alisema Gede ulikuwa mji wa Waarabu, na wakazi wake walitoweka usiku mmoja kwa laana. Ni kweli? (Mwalimu, Voi)

Si kweli, na nakushukuru kwa kuuliza, kwa sababu hadithi hii inarudiwa mbele ya watoto wa shule mwaka baada ya mwaka.

Gede ilianza kujengwa karne ya 12, ikastawi sana karne ya 15, na kuhamwa kabisa mwanzoni mwa karne ya 17. Mwanaakiolojia James Kirkman, aliyeanza kuchimbua hapo mwaka 1948, aliuita mji wa Waarabu, na jina hilo likaingia vichwani. Lakini uchimbaji uliofuata kwenye mwambao huu umeonyesha jambo jingine. Shanga, kisiwani Pate, mwanaakiolojia Mark Horton alichimbua miaka ya 1980 akakuta chini ya misikiti ya mawe mabaki ya msikiti mdogo wa miti wa karne ya 8. Yaani mji uliota palepale, kutoka nyumba za udongo na miti hadi nyumba za matumbawe, mikononi mwa watu wa pwani. Dini na biashara zilikuja na jahazi, na wageni walioa na kukaa, hilo hakuna anayelikataa. Kusema mji mzima uliletwa kutoka ng'ambo ni kuwanyang'anya wenyewe kazi ya mikono yao.

Na kuhusu kutoweka: kachungulieni kisima kilicho karibu na msikiti mkuu. Kilichimbwa tena kwenda chini zaidi, kwa kuwa maji yalikuwa yanashuka. Tia na vita vya karne ya 16, Wareno kuvuruga biashara, na msukumo wa Waoromo kutoka kaskazini. Watu walihama kwa sababu ambazo mtu yeyote anaweza kuzielewa, wala hazihitaji jini. Mwaka 2024 Gede iliingizwa kwenye orodha ya Urithi wa Dunia ya UNESCO. Mahali penye heshima hiyo hapafai kuelezwa kwa hadithi za kutisha watoto. Mwalimu, ukirudi na wanafunzi, omba mwongozaji wa makumbusho mwenyewe, yule aliye pale mlangoni, umwache wa kwenye basi apumzike.

Na tukiwa hapo: yule anayewaambia Malindi kwamba rubani aliyemvusha Vasco da Gama hadi India mwaka 1498 alikuwa Ibn Majid, baharia mashuhuri wa Kiarabu, mwulizeni amelipata wapi. Wanahistoria wengi wamelikataa dai hilo zamani.

Nikae upande gani nione bahari?

Asubuhi kaa kushoto ulikwepe jua, maana litakuwa kulia. Bahari yenyewe utaiona kwenye madaraja tu: Nyali, Mtwapa, Kilifi. Ukivuka Kilifi fahamu kwamba magofu ya Mnarani yapo juu ya mwamba, upande wa kusini wa daraja. Ziara za haraka huwa haziyagusi.

Nina muda na pesa ya ngome moja. Fort Jesus au ngome ya Lamu? (Mwanafunzi, Tanga)

Ukilazimika, Fort Jesus. Wareno waliianza mwaka 1593 kwa ramani ya Mwitaliano Giovanni Battista Cairati, Waomani wakaizingira kuanzia 1696 hadi walipoitwaa 1698, Waingereza wakaifanya gereza hadi 1958. Ina mengi.

Lakini nakusihi usilazimike, kwa sababu ngome hizi mbili zinasimulia kisa kimoja. Mwanzoni mwa karne ya 19 Mombasa ilikuwa mikononi mwa ukoo wa Wamazrui, nao wakashirikiana na Pate kutaka kuitia Lamu mkononi. Jeshi lao lilishuka Shela, kijiji cha kisiwani Lamu, mnamo 1812 au 1813, na watu wa Lamu wakalipiga vibaya kwenye mchanga ule ule ambapo leo wageni wanalala kuota jua. Lamu, ikihofia kisasi, ikamwomba ulinzi Seyyid Said wa Oman. Ndipo ngome ya Lamu ikamalizwa, karibu 1821. Na Seyyid Said hakuishia hapo: mwaka 1837 Fort Jesus yenyewe iliwatoka Wamazrui. Ukianza safari Mombasa na kuimaliza Lamu bila kulijua hili, umepita katikati ya ugomvi wa miji miwili bila kuusikia. Omba mwongozaji akupeleke Shela kwa miguu, ni mwendo wa dakika arobaini hivi kando ya maji, na akusimulie hapo hapo.

Viingilio vya Makumbusho ya Taifa hulipwa kwa simu kupitia eCitizen, na bei hutofautiana kati ya raia, wakazi wa Afrika Mashariki na wageni. Beba kitambulisho.

Je, njia ni salama? Mke wangu ana hofu. (Msomaji, Nairobi)

Mwambie hofu yake ina sababu. Juni 2014 watu zaidi ya 60 waliuawa Mpeketoni na vijiji vya jirani, na magari yamewahi kushambuliwa kwenye barabara hiyo miaka iliyofuata. Kwa sababu hiyo kipande cha Garsen hadi Mokowe mabasi husindikizwa na polisi, na abiria hushushwa na kukaguliwa vitambulisho. Hali hubadilika. Wiki ya safari uliza ofisi ya basi na watu wa Lamu wenyewe, si mtandao. Safiri mchana. Dereva anayekwambia ana njia ya kupita bila msafara wa polisi, shuka.

Hatari ya pili haiulizwi kabisa: maji. Mto Tana ukifurika, barabara inakatika. Mwishoni mwa 2023 ilikatwa baina ya Garsen na Witu na abiria wakakwama. Mvua za Aprili na Mei, na za Novemba, ziogopeni.

Kati ya Malindi na Lamu kuna cha kuona, au nilale?

Usilale! Ukitoka Malindi unavuka Sabaki, kisha nchi inafunguka: malisho ya Waorma, mashamba ya Wapokomo kandokando ya Tana, ndege wa kila rangi maji yakiwa mengi. Halafu Witu, ambapo basi husimama kidogo tu, watu wananunua maembe na kuondoka.

Mji huu mdogo ulikuwa makao ya usultani. Ahmed Fumo Luti, Mnabahani wa ukoo wa watawala wa Pate, aliyeitwa Simba, alikimbilia huku bara kuukwepa mkono wa Sultani wa Zanzibar, na watumwa waliotoroka mabwana zao wakapata hifadhi kwake. Mwaka 1885 akaingia chini ya ulinzi wa Wajerumani. Mwaka 1890 Wajerumani wakaikabidhi Witu kwa Waingereza katika mapatano yao ya mambo ya Zanzibar na kisiwa cha Heligoland, bila kumwuliza mwenye nchi. Mwaka huo huo, baada ya Wajerumani kadhaa kuuawa Witu, jeshi la Admirali Fremantle wa Uingereza likaja na kuuchoma mji, Fumo Bakari, mrithi wa Simba, akiwa sultani. Yote haya yalitukia hapo unaponunua maembe, na sijawahi kusikia kipaza sauti cha basi la watalii kikiyataja. Inaniuma. Kama kuna kaunti inayosoma safu hii, kibao kimoja kando ya barabara hakigharimu sana.

Mamangu ana miaka sabini na magoti yanamsumbua. Ataweza? (Binti, Kisauni)

Ataweza, ukipanga. Mkatie kiti cha mbele au cha katikati, kamwe si cha juu ya magurudumu ya nyuma. Vunjeni safari Malindi. Penye shida ni Mokowe: maji yakitoka, boti hukaa chini sana na ngazi za jeti huteleza. Ulizia saa za maji kujaa na mfike wakati huo. Lamu tafuta nyumba karibu na jeti, yenye chumba cha chini, kwani nyumba za kale zina ngazi za mawe zilizosimama wima. Barabarani mwambieni asikilize punda na mwenye punda akipiga kelele. Wanapita kweli.

Tuvae nini?

Funika mabega na magoti, wake kwa waume. Watu wanaishi ndani ya miji hii. Na msiwapige picha wanawake bila idhini, hata kama mlango unavutia na yeye amesimama mbele yake.

Kuna mtu alinipa vigae vya Kichina nje ya magofu, akasema ni vya kale. Ninunue?

La. Kama ni vya bandia, umeibiwa. Kama ni vya kweli, basi vimeibwa magofuni, na sheria ya makumbusho na urithi ya mwaka 2006 inakuhusu wewe pia. Hali kadhalika milango ya kale: ukitaka nakshi ya Lamu, agiza mpya kwa fundi, umlipe bei yake. Mafundi bado wapo na wanahitaji kazi.

Tuje wakati wa Maulidi?

Njooni, lakini wekeni chumba mapema sana. Mfunguo Sita, mwezi wenyewe wa Maulidi, wageni hujaa hadi vibarazani. Ni ibada, na msikiti wa Riyadha hauendeshwi kwa ajili ya kamera.

Basi la kurudi huondoka saa ngapi?

Mengi huondoka Mokowe asubuhi mapema, kwa hiyo boti yako ni ya alfajiri. Zungumza na nahodha usiku uliotangulia, chukua nambari yake, na usimlipe yote mpaka umeshuka upande wa pili.