Kuhusu mpwa wako anayeonewa bwenini

Dada, umeuliza kama shule ya bweni hapa Kenya inaweza kumfukuza mpwa wako wa kidato cha pili kwa sababu tu wenzake wanamwita shoga. Vifungu vya 162 na 165 vya Kanuni ya Adhabu, ambavyo Mahakama Kuu ilikataa kuvifuta Mei 2019, vinaadhibu vitendo vya ngono ya jinsia moja, wala havimtii mtoto hatiani kwa mwendo wake, sauti yake au uvumi wa bwenini. Tena Katiba, katika Kifungu cha 53, inamlinda kila mtoto dhidi ya ukatili, na Sheria ya Elimu ya Msingi ya mwaka 2013 inakataza mwanafunzi kuteswa kimwili au kisaikolojia.

Niliwahi kufundisha shule ya namna hiyo. Kijana mmoja alikuwa akirudi kutoka prepu, masomo ya usiku, anakuta godoro lake limemwagiwa maji, analala juu ya vyuma vitupu vya kitanda, na mwalimu wa zamu anamwambia ajirekebishe. Mpaka leo naumia kwamba sikusema neno.

Andika kila tukio pamoja na tarehe yake, umpelekee mwalimu mkuu barua na ubaki na nakala. Akinyamaza, nenda kwa ofisa wa watoto wa kaunti ndogo, au piga 116 bila malipo. Lakini kwanza kabisa mtembelee mwenyewe, na nakusihi usimlazimishe akueleze yeye ni nani. Mwulize tu analala wapi, anakula na nani.