Mmepatana, lakini kesi bado iko mahakamani

Pole, dada wa Uyole, Mbeya. Kaka yako alimpiga jirani ngumi wakigombea mpaka wa shamba la viazi, wameshapatana, ila kesi iko Mahakama ya Mwanzo. Kaka yako asikae nyumbani siku ya kesi akidhani yameisha, anaweza kutolewa hati ya kukamatwa! Waende wote wawili, jirani amwambie hakimu kwa mdomo wake. Kwa shambulio la kawaida, yaani lisiloacha jeraha kubwa, sheria inamruhusu hakimu kuwapatanisha, fidia ilipwe na kesi isimamishwe. Andikeni kiasi cha fidia, tarehe, sahihi za mashahidi. Kisha hakikisheni amri ya hakimu imeingia kwenye jalada la kesi. Kama jirani alivunjika mfupa au kukatwa panga, tafuteni wakili kwanza. Hapo mapatano peke yake hayafuti kesi. Na tafadhali, fidia isipitie kwa dalali yeyote nje ya mahakama.