Kabla ya kuamini maana ya jina la mtoto

Orodha za majina mtandaoni zinasema Amani maana yake ni utulivu, na kwa Kiswahili ni sawa kabisa. Lakini Mwarabu anayemwita bintiye Amani anataja neno jingine, أماني, yaani mambo yanayotamaniwa. Kwa herufi zetu majina hayo hayatofautiani hata kidogo, ndiyo sababu hatua ya kwanza ni kuliona jina katika maandishi ya lugha lilikotoka.

Kiswahili kimezichanganya sauti ambazo Kiarabu huzitenganisha. Hawa, mke wa Adamu, huanza na ح. Hawaa, yaani tamaa, huanza na ه. Saida yenye herufi ain (ع) katikati (سعيدة) ni mwenye heri, ilhali سيدة ni bibi mwenye cheo. Sanaa yetu ya uchoraji na ngoma imetoka kwenye neno la Kiarabu lenye ص na ع, lakini jina la kike سناء ni mng'aro.

Basi mwombe mwalimu wa madrasa akuandikie jina, akuonyeshe na herufi tatu za mzizi, yaani zile ambazo neno limejengwa juu yake. Kamusi nzuri za Kiarabu, kama ya Hans Wehr, zimepangwa kwa mizizi. Anayelitafuta Aisha chini ya alifu hatalipata: mzizi wake ni ع ي ش, kuishi, na ndimo lilimotoka neno letu maisha.

Orodha za Marekani nazo zina “majina ya Kiswahili” ya kuangaliwa vizuri. Zuri ni shina la kivumishi: mtoto ni mzuri, nyumba ni nzuri, jina ndilo zuri. Kamaria husemwa ni mwezi, lakini hilo latokana na neno la Kiarabu la mwezi wa angani, qamar. Mswahili akilisikia atakumbuka kamari. Ukilipenda mpe mwanao, ila ujue wenye lugha watasikia nini.

Majina ya makabila yanataka wazee kuliko kamusi. Usimuulize mzee, “Hili maana yake ni baraka, sivyo?” Kwa adabu tu anaweza kukuitikia. Muulize: mtoto wa namna gani huitwa hivi, na amezaliwa lini? Kwa Wajaluo atakueleza kwamba Achieng ni msichana aliyezaliwa jua likiwaka, Otieno ni mvulana wa usiku, na kwamba A na O za mwanzo ndizo zinazotenga mke na mume. Kisha kamuulize mzee wa pili, mbali na wa kwanza. Wakitofautiana, uliza kila mmoja anatoka upande gani, maana jina moja laweza kuwa na matumizi mawili.

Yapo pia majina ambayo wataalamu wenyewe hawajakubaliana asili yake, Zainabu na Maria yakiwemo. Ukurasa unaokupa maana moja tu ya Zainabu bila kutaja tofauti hizo umekuficha jambo. Wengi humpa binti jina hilo kwa heshima ya binti wa Mtume, na akiuliza siku moja, aambiwe hivyo.