Fundi Saa Anajibu: Eti Kuna Mnara Unaoendesha Saa Zote za Dunia?

SWALI: Fundi, shikamoo. Binti yangu yuko darasa la tano. Wenzake wamemsimulia hadithi ya mnara wa kichawi, uko mbali huko, ambao ndio unaoziendesha saa zote duniani. Ukisimama, na jua linaganda palepale. Sasa kila saa yetu ya ukutani inapogonga usiku, ananiuliza nani anautunza huo mnara. Nimwambie nini? Na hapohapo, saa yenyewe ni ya pendula, niliachiwa na marehemu babu, na inachelewa kama dakika tano kwa wiki. Tatizo nini? — Mama Binti, Pangani

JIBU: Marahaba, mama. Mwambie mtoto kwamba kibandani kwangu ukuta mzima umejaa saa na hakuna mbili zinazokubaliana. Ungekuwapo mnara wa kuzitawala, mie ningekuwa navua samaki.

Lakini hadithi za namna hiyo zina kwao. Iliyo maarufu kuliko zote ni ya mji wa Prague, katika nchi ya Czech. Pale kwenye mnara wa ukumbi wa mji mkongwe kuna saa ya tangu mwaka 1410. Kila saa kamili, asubuhi hadi usiku, vidirisha viwili vinafunguka, sanamu za mitume kumi na wawili zinapita zikichungulia, sanamu ya mifupa ya mtu iliyosimama pembeni inavuta kamba ya kengele, na mwisho jogoo wa dhahabu anawika. Wenyeji wanasimulia kwamba wakubwa wa mji walimtoboa macho fundi aliyeiunda, jina lake Hanuš, asije akauundia mji mwingine saa kama ile. Kipofu yule akapanda mnarani kwa kupapasa, akaingiza mkono kwenye mashine, saa ikanyamaza. Na wanasema saa ile ikipuuzwa, mji unapata balaa.

Mie kama fundi hadithi hiyo inaniudhi, maana inamnyang'anya mwenzangu kazi yake. Saa ile ilitengenezwa na Mikuláš wa Kadaň, akishirikiana na mtaalamu wa nyota Jan Šindel, na hakuna aliyemtoboa macho. Hanuš alikuja miongo kadhaa baadaye. Na habari ya balaa, historia inaonyesha mambo yalikwenda kinyume: Mei 1945, vita vikiwa vinaishia, ukumbi ule ulipigwa mizinga ukashika moto, na sanamu za mitume zikaungua. Balaa lilianza na mji, saa ikafuata. Ilirudi kutembea mwaka 1948, na miaka yote hiyo jua lilichomoza.

Hata kwetu tumeyaona. Beit al-Ajaib ya Unguja, sehemu ya mbele iliporomoka pamoja na mnara wa saa tarehe 25 Desemba 2020, na watu wawili wakafariki, Mungu awarehemu. Magharibi iliingia wakati wake uleule.

Sasa ngoja nikuonyeshe kinachonifanya niipende saa ya Prague kuliko mitume na jogoo wake. Nina picha kubwa ya uso wake juu ya meza ya kazi, baharia mmoja aliniletea. Mshale wa saa ni mmoja, ncha yake ni mkono wa dhahabu, lakini saa unazosoma ni za aina tatu. Namba za Kirumi zinakupa saa za Kizungu. Duara la nje, namba za dhahabu 1 mpaka 24, linahesabu tangu jua kuzama. Na kwa kuwa jua la kule halizami wakati mmoja mwaka mzima, duara lenyewe linasogezwa kidogo kidogo kulifuata. Ndani kuna mistari iliyopinda, namba 1 mpaka 12, inayohesabu tangu jua kuchomoza hadi kuzama. Mama, hiyo si ndiyo saa moja asubuhi yetu? Tofauti ni kwamba kwao mchana wa kiangazi ni mrefu mno, kwa hiyo "saa" moja ya mistari ile inafika karibu dakika 80, na wakati wa baridi inapungua hadi 40 hivi. Sisi tulio karibu na ikweta mchana wetu hauchezi sana, ndiyo maana saa zetu zinatosha bila mitambo.

Na anayeamua saa ya dunia leo ni nani? Kuna ofisi ya kimataifa ya vipimo huko Sèvres, nje kidogo ya Paris. Inapokea vipimo vya saa za atomi, yaani saa sahihi kupita zote, zaidi ya 400 kutoka nchi nyingi, inapiga hesabu ya wastani, na kila mwezi inatoa karatasi ya kuiambia kila maabara inayotunza saa hizo saa yake ilikosea kiasi gani mwezi uliopita. Yaani mkubwa wa saa zote ni karatasi inayofika ikiwa imechelewa! Simu yako inapata saa kwa njia ndefu inayoanzia kwenye hesabu hizo.

Kama binti anataka uchawi, mpe huu: usiku wa kuamkia 1 Januari 2017, muda mfupi kabla ya saa tisa za usiku kwetu, sekunde moja iliongezwa duniani kote, kwa sababu dunia haizunguki sawasawa kama saa za atomi. Dakika ile ilikuwa na sekunde 61. Nani aliamka kuiona?

Haya, saa ya babu. Kwanza hakikisha imekaa wima: sikiliza mlio wa kwenda na wa kurudi, viwe na nafasi sawa. Kisha chini ya lile pande zito linalobembea mwishoni mwa pendula kuna nati ndogo. Inachelewa, kwa hiyo pande lipande juu: zungusha nati nusu mzunguko tu, huku umeshika pande lisijipinde. Dakika tano kwa wiki zinarekebishwa kwa kulipandisha pande pungufu ya nusu milimita. Subiri siku mbili kabla ya kuigusa tena. Ufunguo utie siku ileile kila wiki, na springi ikigoma, usiilazimishe.